Mgowe wa Makambako

Njombe, Jumanne, 1 Julai 1952

Tangu nilipostaafu ualimu sijaandika shajara. Naanza tena leo kwa sababu jana kampuni yetu ililetewa jambo kubwa. Mimi ndimi mwenyekiti, na mwenyekiti asiyeyapanga mawazo yake hawezi kuyapanga ya wenzake.

Tu watu saba. Tunapasua mbao na kutengeneza milango, madirisha na madawati hapa Mjimwema, na huu ni mwaka wa sita. Hatujafanya kazi nyingine. Jana alifika mkandarasi mmoja Mgiriki, anayejenga kambi ya vibarua kule Lyamkena, Makambako, ambapo watu hulala wanapokwenda mashamba ya katani. Aliitazama milango yetu, akaipapasa, akaisifu. Kisha akasema hahitaji milango. Anahitaji matofali ya kuchoma, laki moja, yawe tayari kabla ya Krismasi.

Nikamwambia sisi ni maseremala.

"Matofali mtajifunza," akasema. "Mimi natafuta watu wanaotimiza neno. Kila mtu hapa ameniambia, nenda kwa Mwalimu Nahumu."

Nayaandika maneno yake yakiwa yamesahihishwa, maana Kiswahili chake hakina ngeli hata moja. Hata hivyo nilimwelewa, na nilipendezwa kuliko inavyompasa mzee.

4 Julai

Sakitu. Asubuhi majani yalikuwa meupe kama yaliyonyunyiziwa chumvi. Viazi vya mke wangu Ida bondeni vimeungua.

Jumapili, 6 Julai

Mkutano baada ya ibada. Kefa, katibu wetu, ndiye aliyezungumza zaidi. Kefa ni mume wa binti yangu Anyisile. Alikuwa karani katika shamba la katani kwa miaka minne na amerudi na haraka ya huko.

"Baba," akaniambia mbele ya wote, "mlango mmoja tunautengeneza wiki nzima, na mwenye nyumba anakuja kuupapasa mara tatu kabla hajaamua. Tofali halipapaswi. Linahesabiwa tu."

Enoki, fundi wetu mkuu, akauliza, "Na likipasuka motoni?"

"Hata mbao hupasuka, mzee wangu."

"Mbao ikipasuka najua nilipokosea. Tofali likipasuka nitamuuliza nani? Wewe?"

"Utamuuliza Mgiriki."

"Haya. Na Mgiriki akitaka tumlelee watoto, tutapiga kura vilevile?"

Watu walicheka sana. Niliwakemea kwa kuwa ni Jumapili. Kisha nikauliza jambo lenyewe: je, kampuni ya mbao ichukue kazi isiyo ya mbao kwa sababu tu ni kubwa? Enoki alisema hapana, na wawili wakamfuata. Kefa alisema ndiyo, na wawili wakamfuata, mmoja wao Tarsis. Ikabaki kura yangu.

Nikasema ndiyo. Niliwapa sababu tatu, zote nzuri. Sababu ya nne sikuitaja: jana Mgiriki alinipandisha mbele ya lori, karibu na dereva, tukapita barabara ya shule, na watu niliowafundisha kusoma wakavua kofia.

15 Julai

Enoki ametengeneza kalibu za kufyatulia matofali. Amezipiga randa na kuziunga kama droo za kabati. Kefa alimwambia udongo hautambui randa. Enoki akajibu kwamba yeye anaitambua.

19 Julai

Nilipita kwa Getruda, jirani yetu mjane, akiwa katika kinyungu chake bondeni anapanda maharage kwenye udongo wenye unyevu. Hunyanyua kichwa tu, mgongo haunyanyui.

"Kamwene, Mwalimu."

"Kamwene, mama."

"Nasikia mmeacha kukata miti, sasa mnakata ardhi."

"Tunapanua kampuni."

"Panueni, panueni. Msije mkapanuka mkashindwa kupita mlangoni."

Ana ulimi huyu mama. Lakini mgowe wa majirani kulimiana ukiitwa popote, yeye hufika wa kwanza na ndiye mwenye kuanzisha nyimbo.

2 Agosti

Makambako. Upepo.

9 Agosti

Makambako. Upepo na vumbi. Vibarua tuliowaajiri wanafyatua vizuri. Matofali mabichi yamepangwa juani mstari kwa mstari hadi ukingo wa kijito. Nimejifunza kwamba mchanga ukizidi katika udongo tofali humomonyoka likiguswa, na ukipungua hupasuka. Jambo hili alinieleza kibarua aliyekuwa na umri wa mwanangu, nami nikamsahihisha alipokosea neno "yamekauka". Baadaye niliona haya.

23 Agosti

Mwalimu mkuu wa shule ya misheni amenunua madawati Iringa. Alitusubiri tangu Juni. Aliniambia kwa upole, "Najua mmebanwa." Afadhali angekasirika.

Jumapili, 14 Septemba

Habari mbaya. Lori la kuandikisha watu wa katani lilipita Makambako siku ya Alhamisi, likatoa blanketi na posho ya njiani, na vibarua wetu karibu wote wakapanda. Siwalaumu. Kambi ile tunawajengea watu wa namna yao.

Matofali mengi yamekwisha kufyatuliwa, lakini yametapakaa uwanjani. Yanatakiwa kubebwa na kupangwa kuwa tanuru, na kuni za kuyachoma bado zimo msituni. Kefa alizungumza leo akiwa amekaa, jambo ambalo si kawaida yake. Alisema tukiajiri wengine kwa bei ya sasa, hatutabakiwa na kitu, kwa maana bei tuliyompa Mgiriki tuliipanga bila kujua kazi.

Bei hiyo niliipanga mimi.

Hapo ndipo niliposema, "Tuite mgowe."

Nitaeleza maana ya mgowe, ili nikisoma tena baadaye nisijidanganye kwamba sikujua.

Kwetu, mtu mwenye shamba lililozidi mikono yake huita mgowe. Majirani huja na majembe, hulima kutwa, hula na kunywa kwake, wala hawalipwi. Siku ya kila mmoja wao ikifika, naye huenda kwake na jembe lake. Huenda yeye mwenyewe. Marehemu baba yangu aliwahi kwenda mgowe akiwa na homa, akalima mstari mmoja, akatapika, akarudi kulala. Alipoulizwa alisema, "Nimefika."

Enoki alisema, "Mgowe ni wa shamba, Mwalimu."

"Kazi ni kazi," nikajibu.

"Mgiriki anatulipa kazi hii."

"Anatulipa matofali. Majirani watatusaidia kama wanavyosaidia mtu yeyote."

"Na siku zao tutazirudisha? Sisi saba, kwa watu wote hao?"

"Mvua iko mbali," nikasema.

Kefa akainuka. Alisema, "Baba ameona mbali," na watu wakapiga makofi.

Jumatatu, 22 Septemba

Lori la Mgiriki limekuja kuwachukua watu wa Mjimwema na wa mtaa wa Ramadhani. Wamepanda zaidi ya arobaini, wake kwa waume, kila mtu na jembe, kwa sababu mgowe ni jembe, hata walipoambiwa hakuna cha kulima. Tutakaa Makambako hadi Jumamosi.

Getruda alipanda na binti zake wawili, akasimama nyuma ya lori akipiga kelele:

"Mgowe wa kulala! Tangu nizaliwe sijauona! Nitasema nini nikirudi, kwamba nimeolewa na tanuru?"

"Tanuru lina joto kuliko wanaume wa Njombe, mama," mmoja akamjibu.

"Basi nisirudishwe!"

Lori zima lilicheka. Mimi nilikaa mbele, karibu na dereva.

25 Septemba

Sijapata kuona kazi kama hii. Wanawake wanabeba matofali kichwani, sita sita, wakiimba. Wanaume wanakata kuni na kuziburuta. Mgiriki alikuja kutazama, akauliza tunawalipa kiasi gani. Nikamwambia ni desturi yetu. Akatikisa kichwa akasema watu wa namna hiyo hajawaona hata kwao. Usiku wanalala kwenye uwanja wa kambi, bila paa, upepo wa Makambako ukiwapuliza vumbi usoni, na asubuhi wanaamka wakitaniana. Kwa kuwa mimi na wenzangu ni watu wa kanisa, hatukuwapa pombe bali togwa. Hawakulalamika sana.

Getruda ametunga wimbo wenye jina langu. Unasema Mwalimu Nahumu ana shamba jekundu lisiloota nyasi. Nilijifanya sisikii.

Jumamosi, 27 Septemba

Kabla hawajapanda lori nilisimama, kama desturi inavyomtaka mwenye mgowe, nikawashukuru. Nikasema, "Siku zenu zikifika, niiteni. Nitakuja."

Wakaitikia wote pamoja. Getruda akasema, "Tumesikia, Mwalimu. Uje na jembe, usije na kalamu."

11 Oktoba

Tanuru la kwanza limechomwa. Tulipolifungua, matofali yalikuwa mekundu hadi ndani. Enoki aligonga mawili kwa pamoja, yakalia kama kengele. Alitabasamu, nikafurahi kuona ametabasamu.

18 Oktoba

Mgiriki ameleta neno jipya. Mwakani kuna kambi za barabara, na maghala, na nyumba za wasimamizi. Anataka tuchukue yote: matofali, ujenzi, na hata kumtafutia vibarua. Ni kazi mara tatu ya hii. Nilimwambia tutaamua tukimaliza tuliyonayo. Kefa hakulala. Anyisile amemwambia mama yake kwamba mumewe anahesabu mabati usingizini.

Hii si kazi ya mbao hata kidogo. Tukiichukua, itatupasa kuacha kujiita maseremala.

29 Oktoba

Joto. Tanuru la pili linapangwa, polepole, kwa mikono ya vibarua wachache.

5 Novemba

Mawingu upande wa Uwanji. Hayakufika.

12 Novemba

Mawingu tena. Tarsis ameita mgowe, Jumanne ijayo.

15 Novemba

Ngurumo. Getruda ameita. Amesema shamba la mlimani, siku tano, kwa sababu siku tano alizibeba yeye, na binti zake wawili wanazo zao.

17 Novemba

Wameita watu wa Ramadhani, nyumba sita.

18 Novemba

Nimelima kwa Tarsis. Tulikuwa watatu tu wa kampuni. Wengine wako Makambako. Jioni watu waliutazama mgongo wangu, wakaucheka kwa upendo. Nililala vizuri.

20 Novemba

Wameita wengine watano. Ida ameketi jikoni akiyataja majina yote kwa sauti, kama mtu anayesoma matangazo kanisani. Nilimwambia anyamaze.

Jumapili, 23 Novemba

Mvua ya kwanza imenyesha asubuhi, tukiwa kanisani. Watu walitazamana wakatabasamu, na mwinjilisti akafupisha mahubiri, maana alijua mioyo ya watu imeshakwenda shambani. Mimi niliinama. Makambako tanuru la pili limepangwa lakini halijakandikwa tope wala kuwashwa. Tofali bichi likinyeshewa hurudi kuwa udongo.

Mkutano ulikuwa mfupi. Kefa alisema lazima wote saba tuondoke kesho, tukandike tanuru, tuezeke nyasi juu yake na kuwasha moto. Tukilipoteza, tumevunja mkataba wa kwanza, na wa pili hatutaupata.

"Na wanaotuita?" akauliza Tarsis.

"Tuwatumie vibarua. Pale kambini wamejaa watu wanaosubiri lori la katani. Tuwalipe siku tano tano, waende kila nyumba. Shamba halijui nani amelilima."

Enoki alisema, "Mtu hapeleki kibarua mgoweni. Ni sawa na kumtuma kibarua akakulilie msibani."

"Basi mzee Enoki, baki ukalime. Sisi tutachoma."

Enoki akanitazama. Wote walinitazama. Nilifikiri juu ya jumla ya siku zote tunazodaiwa, nikaona kwamba hata tukilima hadi Pasaka hatutazimaliza, na kwamba nilijua hivyo mwezi wa Tisa. Kwa kuwa hatuwezi kuzirudisha zote, nikajiambia kwamba si vibaya sana kutorudisha hata moja. Mwanafunzi angenipa hoja kama hiyo ningempiga kiboko.

Nikasema, "Watumeni vibarua."

24 Novemba

Makambako. Mvua.

27 Novemba

Wamerudi vibarua wanne tuliowatuma kwa Getruda. Walirudi siku ileile waliyofika. Nikawauliza kama mama yule aliwafukuza.

"Hapana, mzee. Ametukaribisha vizuri. Ametupa ugali na maharage, tumeshiba."

"Kisha?"

Mkubwa wao akatazama chini. "Amesema turudishe majembe tuliyopewa. Amesema, 'Hawa sikuwabebea tofali.'"

Kefa aliudhika. Alisema ni ukaidi wa kizee, kwamba amekataa nguvu za bure. Nilitoka nikasimama kando ya tanuru.

Wale tuliowatuma Ramadhani hawajarudi. Ama wamepokelewa, ama wamepanda lori la katani.

30 Novemba, Jumapili ya kwanza ya Majilio

Moto unawaka tangu juzi. Mvua inanyesha juu ya nyasi, moshi unatoka kila upande, na tanuru limesimama. Tunapokezana zamu. Enoki ndiye anayelisikiliza. Huweka kiganja ukutani kama mtu anayepima homa ya mtoto. Hatuzungumzi naye sana.

Leo sikuenda kanisani.

4 Desemba

Limeiva. Yote. Mgiriki alinishika mkono kwa mikono yake miwili. "Nilisema mimi, watu wanaotimiza neno," akasema. Sikujua niuelekeze wapi uso wangu. Kefa aliwanunulia wote soda. Yangu niliinywa nusu.

Jumamosi, 6 Desemba

Nimerudi nyumbani. Ida alinipokea mzigo, akanipa maji ya kunawa, akanipakulia. Hakuketi.

"Getruda amepata kulima?" nikauliza.

"Amelima."

"Na nani?"

"Na watu. Wote walikwenda, baba Anyisile. Waliposikia vibarua wamerudishwa, wote walikwenda. Hata wale wa Ramadhani waliokuwa na mashamba yao."

Kisha nikaona kiganja chake alipokuwa akiondoa sahani. Kilikuwa na malengelenge, mengine yamepasuka.

"Nawe ulikwenda?"

"Siku tatu. Ya nne mgongo ulikataa."

"Ulikwenda kwa ajili yangu?"

Akanijibu bila hasira: "Nilidhani hivyo. Nilipofika nikamwambia Getruda, nimekuja kulima siku za mume wangu. Akasema, 'Mama Anyisile, ukilima hapa unalima zako. Za mtu mwingine sina mahali pa kuziweka.' Basi nikalima zangu."

"Walisema nini juu yangu?"

"Hakuna aliyesema kitu. Mtu mmoja aliuliza uko wapi. Nikasema uko Makambako. Wakaendelea kulima."

Miaka thelathini na minane nimeishi na mwanamke huyu, na nimemrekebisha maneno yake tangu siku ya kwanza, kwa kuwa Kiswahili alikijifunzia ukubwani na Kibena humtoka akisahau. Leo sikuona neno la kurekebisha.

Jumapili, 7 Desemba

Kanisani. Wote walinisalimu. Kamwene Mwalimu, kamwene Mwalimu. Hakuna aliyenikwepa. Walisimama, wakaondoa kofia, wakaniulizia afya. Zamani walinitania.

9 Desemba

Mvua. Asubuhi walipita watu wa mgowe, wanakwenda shamba la mtu wa upande wa pili wa bonde. Niliwasikia tangu mbali wakiimba, nikatoka nikasimama mlangoni jembe likiwa karibu. Walipofika kwetu walipunguza sauti, wakanisalimu kwa heshima, wakapita. Mbele kidogo waliendelea na wimbo.

10 Desemba

Mvua.

11 Desemba

Mvua. Shamba letu bado halijalimwa lote. Ida ameuliza kama tutaita mgowe mwaka huu. Tulitazamana, kisha akaenda kuchota maji.

Jumamosi, 13 Desemba

Mkutano wa kuamua mkataba wa pili. Mgiriki anataka jibu Jumatatu.

Ni lazima niandike kwamba Kefa alizungumza vizuri, na kwamba hakusema uongo wowote.

"Baba, na wazee wangu," akasema, "tulikosea jambo moja, tuliingia kazi kubwa na mfuko mtupu. Ndiyo maana tukakimbilia mgowe. Sasa mfuko si mtupu. Kazi hii mpya hatutamwomba jirani hata tofali moja. Tutaajiri, tutalipa, na kila mtu atabaki na jembe lake. Milango tutaendelea kutengeneza, na tutaiweka katika nyumba tutakazojenga wenyewe. Kuna ubaya gani?"

Tarsis, ambaye mwezi wa Saba alikubali, sasa alikataa. Alisema mkewe hatamwacha ale kwa amani. Lakini Enoki, aliyekataa, sasa alikubali, na hilo sikulitarajia.

"Mwalimu, mimi sikuyataka matofali," akasema. "Lakini nimeyajua sasa, na aibu tumeshailipa. Mtu hakilipii chakula halafu akaondoka bila kula."

"Kwa hiyo wewe hujali?"

"Najali. Najali nikiwa na bati juu ya nyumba. Wewe unataka tujali tukinyeshewa?"

Hakuna aliyecheka. Kura zikawa tatu kwa tatu tena, wakanitazama tena.

Nikasema hapana.

Kefa alisimama. Sauti yake ilikuwa ya mtoto, sikuwahi kuisikia kabla. "Kwa sababu ya majembe, Baba?"

"Kwa sababu ya neno. Nilisema nitakuja, sikwenda."

"Mgiriki pia ulimpa neno, ukalitimiza. Neno lile si neno? Ungeenda kulima, tanuru likayeyuka, leo ungekuwa umekaa hapa ukisema una aibu kwa Mgiriki."

Ni kweli. Nilisema kampuni itarudi kwenye mbao, na mkutano umekwisha. Waliondoka mmoja mmoja. Enoki alikuwa wa mwisho, aliniaga vizuri.

Jumapili, 14 Desemba

Baada ya ibada nilimwambia Ida uamuzi wetu. Akasema, "Sawa." Nilisubiri aseme zaidi. Naona nilitumaini kwamba habari ingetembea yenyewe, kwamba hadi jioni Mjimwema yote ingejua kuwa Mwalimu Nahumu amekataa mali kwa ajili ya majirani.

Jumanne, 16 Desemba

Kulipopambazuka nilisikia wimbo upande wa juu. Getruda analimisha shamba la ulezi. Hakuniita. Nilivaa nguo za kazi, nikachukua jembe, nikapanda mlima.

Walikuwa wengi, wamejipanga kwa mstari tangu ukingo hadi ukingo. Nilimtambua kila mgongo. Getruda aliniona, akaacha jembe lake ardhini, akaja kunilaki akijifuta mikono kwa kanga.

"Kamwene, Mwalimu. Karibu sana."

"Kamwene, mama. Nimekuja kulima."

"Karibu, karibu. Za huko Makambako?"

"Makambako kumekwisha. Tumeukataa mkataba wa pili. Mimi ndiye niliyeukataa." Nilisikia sauti yangu ikipanda, kama mtoto anayesoma alama zake kwa mzazi. "Tunarudi kwenye milango."

"Aa, vizuri," akasema. "Milango ni kazi nzuri."

Nikakishika vizuri kipini cha jembe na kutafuta nafasi katika mstari. Nafasi zilikuwapo. Watu walikuwa wamenyanyua vichwa, wakanisalimu, wakainama tena. Getruda aliweka mkono wake juu ya jembe langu, taratibu, kama mtu anavyompokea mzee mzigo.

"Usijichoshe, Mwalimu. Umetoka mbali."

"Nimetoka hapo chini tu, mama."

"Hata hivyo. Twende nyumbani upumzike."

Aliliegemeza jembe kwenye mti. Alitembea mbele yangu hadi uani, akanitolea kiti, akakifuta vumbi kwa kanga, akamwita binti yake mkubwa. Wakanong'onezana. Nilisikia kuku akikimbizwa nyuma ya nyumba. Nikasema, "Mama, tafadhali, usichinje." Akasema, "Nitakupa mboga za majani mtu kama wewe?"

Binti alinipikia. Alipiga goti aliponinawisha. Niliyakumbuka mabega yake: mwezi wa Tisa yalikuwa mekundu kwa vumbi la matofali yangu. Nilitaka kulisema hilo, lakini hakunitazama usoni, kwa adabu, na adabu hiyo mimi ndiye niliyemfundisha shuleni.

Shambani waliimba. Si wimbo ule wenye jina langu. Ulikuwa wa zamani, ninaoujua tangu utoto, na palipokuwa pa kuitikia midomo yangu ilifunguka yenyewe. Nikaifunga.

Wao wangekula baadaye, wote pamoja, kutoka chungu kimoja. Mimi nililetewa changu peke yangu, kimefunikwa kwa kitambaa. Juu ya nyama alikuwa ameweka firigisi, kama ilivyo haki ya mgeni wa heshima, nzima, haijakatwa.

Niliila.